Je, upogo wa jicho la mtu unaweza kupimwa kama mizani ya sokoni?

Mwandishi wa Sinza:

Wakubwa shikamooni, na wenzangu habari za leo. Ninaandika hadithi ya kubuni inayotokea hapa Dar es Salaam miaka mingi ijayo, na nimekwama mahali ambapo naamini wenye kujua mambo ya vipimo, ya nyota au ya saikolojia wanaweza kunikwamua.

Katika hadithi hiyo kuna taaluma niliyoipa jina la elimu ya upogo. Neno nimelichukua kwa wazee wa pwani, ambao husema mtu ana upogo pale jicho lake linapoelekea kando ya kile anachokitazama. Katika mji wangu wa kubuni kila mtu ana upogo wake wa kuona na kusikia, na waamuzi wa mpira, madalali wa viwanja, askari wa usalama barabarani na mashahidi wa mahakamani hawaruhusiwi kusema neno mpaka wapimwe. Mpimwaji huingizwa katika chumba chenye giza, akaonyeshwa mistari miwili aseme upi mrefu, akasikilizishwa sauti mbili aseme ipi ilitangulia, akaonyeshwa sura za watu wawili wanaogombana aseme nani alianza. Baada ya dakika arobaini chombo kiitwacho kipimaupogo hutoa namba moja, ambayo huchapwa kwenye kadi. Kuanzia hapo kila anachokisema mtu huyo hupunguzwa ile namba, kama vile mwenye duka anavyotoa uzito wa sahani kabla ya kusoma uzito wa sukari.

Wazo lilinijia baada ya ajali ndogo iliyotokea mbele ya nyumba tunayopanga. Daladala na bajaji viligusana, taa ikavunjika, hakuna aliyeumia. Mimi na jirani yangu tulikuwa tumekaa kwenye kibaraza kimoja, kwenye mkeka mmoja, tukimenya vitunguu. Askari alipofika nilimwambia kwa uhakika kabisa kwamba bajaji ilikata kona bila kuonyesha ishara, na jirani akamwambia kwa uhakika ule ule kwamba taa ya ishara ilikuwa ikiwaka na daladala ndiyo iliyokuja kasi. Usiku nilikumbuka mambo mawili ambayo sikumwambia askari, kwamba asubuhi ile dereva wa bajaji alininyima chenji yangu, na kwamba mtoto wa jirani yangu ni dereva wa bajaji. Hata hivyo, nikifumba macho mpaka leo naiona ile kona, na siioni taa.

Maswali yangu ni mawili. Kwanza, je, kuna msingi wowote wa kweli wa kupima kitu cha namna hii, ili msomaji asione kuwa nimemletea mazingaombwe? Pili, ikiwa kila mtu ana upogo, aliyempima mtu wa kwanza alipimwa na nani?

Mpima Ardhi Mstaafu:

Marahaba, mwanangu. Nimepima ardhi kwa zaidi ya miaka thelathini, na hilo unalodhani umelibuni lilikuwa sehemu ya kazi za watu wa nyota kabla babu yangu hajazaliwa. Waliliita mlinganyo wa mtu, wakimaanisha kiasi kinachopaswa kuongezwa au kupunguzwa katika vipimo vya mtazamaji fulani kwa sababu tu ni yeye aliyetazama.

Kisa chenyewe kilianzia katika kituo cha kutazamia nyota cha Greenwich, Uingereza. Wakati huo saa zilisahihishwa kwa kuitazama nyota ikikatiza uzi mwembamba uliotandazwa ndani ya darubini. Mtazamaji alisoma saa, kisha akaweka jicho kwenye darubini huku sikio likiendelea kuhesabu milio ya saa, sekunde moja baada ya nyingine. Ikiwa nyota ilikuwa upande huu wa uzi kwenye mlio mmoja na upande wa pili kwenye mlio uliofuata, ilimbidi akadirie kwa akili yake ni katika sehemu ya ngapi ya kumi ya sekunde ndipo ilipoukata uzi. Ni kazi ya jicho na sikio kwa pamoja, na hapo ndipo penye shida. Mwaka 1795 mkuu wa kituo, Nevil Maskelyne, aliona kwamba msaidizi wake David Kinnebrook anachelewa kwa nusu sekunde ukilinganisha na yeye. Akamwonya. Kufikia Januari 1796 tofauti haikupungua, bali iliongezeka ikafika sehemu nane za kumi za sekunde, na kijana akaondolewa kazini. Katika maelezo ya Maskelyne kosa lilikuwa la msaidizi. Yaani macho ya mkuu ndiyo yalikuwa saa.

Usiione sehemu nane za kumi kuwa ni kitu kidogo. Dunia inajizungusha, na katika latitudo yetu ya Dar es Salaam kila sekunde inakupeleka mashariki kwa takriban mita 460. Anayetafuta mahali alipo kwa kutumia nyota na akachelewa kiasi kile, atajikuta amehama kwa zaidi ya mita 350. Kwa upana huo bikoni ya kiwanja chako inaweza kuangukia mtaa wa mtu mwingine kabisa, na hapo utaitafuta hati yako mpaka uzeeke.

Aliyelielewa jambo hili vizuri alikuwa Friedrich Wilhelm Bessel, mtaalamu wa nyota wa Königsberg. Aliposoma habari za Kinnebrook hakuona uzembe, aliona jambo la kupimwa. Mwaka 1820 alijilinganisha na mwenzake Walbeck, wakakuta wanatofautiana kwa zaidi kidogo ya sekunde 1 nzima. Mwaka 1823 akajilinganisha na Argelander na tofauti ikawa kubwa zaidi. Wote watatu walikuwa mafundi wa kazi, si wanagenzi.

Sasa nije kwenye swali lako la pili, kwa sababu ndilo linalonigusa. Bessel alichokipata ni tofauti tu kati ya mtu na mtu. Hakuweza kusema nani yuko sahihi, maana nyota haikuacha alama ya muda wake yenyewe. Ilibidi kungojea mpaka katikati ya karne ya 19, watu walipotengeneza nyota ya bandia, yaani nukta ya mwanga inayokwenda kwa mtambo na kujiandika kwa umeme pale inapoukata uzi. Hapo ndipo mtu alipoweza kulinganishwa na kitu kisicho mtu. Kwa hiyo aliyempima wa kwanza hakuwa mwenzake. Ilikuwa ni mashine, na mashine hiyo iliwezekana kwa sababu kilichokuwa kikiulizwa kilikuwa chepesi sana: nyota imepita lini?

Nikiwa mwanafunzi nilishirikiana teodolaiti moja, yaani darubini ya kupimia pembe, na kijana ambaye kila mara alisoma pembe kwa sekunde chache (sehemu ndogo za digrii, si za saa) zaidi yangu. Tulifundishwa kusoma mara mbili, darubini ikiwa kushoto na kisha kulia, ili kasoro za chombo zifutane. Kasoro za chombo zilifutika kweli. Ya mwenzangu ilibaki, kwa sababu tulikuwa tunageuza darubini na yeye hatumgeuzi. Labda ilikuwa yangu, hatukuwahi kujua.

Mama wa Kigamboni:

Nimesoma maelezo ya mzee wetu mara mbili, na ninamshukuru. Mimi si msomi wa nyota, ninanunua samaki Feri na kuwauzia mama ntilie wa upande wetu wa Kigamboni, lakini kukadiria kwa macho ndiko kunakonilisha, kwa hiyo nina la kusema kuhusu hiyo kadi.

Mnadani samaki hawapimwi mbele yako. Ndoo ya vibua inamwagwa, dalali anaanza kuita bei, na wewe una muda wa kuvuta pumzi mbili kuamua ndani ya fungu lile mna kilo ngapi. Mwaka jana niliona faida inapungua bila sababu, nikaanza kuandika kwenye daftari la mwanangu: nilichokisia pale pale kwenye sakafu iliyolowa, na kile mizani ilichosema nilipofika nyumbani. Nilifanya hivyo kwa mwezi mzima.

Siku ambazo hakuna mwenzangu aliyelitaka fungu, makisio yangu yalikuwa chini kidogo ya mizani. Siku ambazo yule mama tunayeshindana alipandisha bei mara mbili tatu, makisio yangu yalikuwa juu, na mara nyingine juu sana, yaani fungu lilikuwa linanenepa machoni pangu kadiri lilivyokuwa likitakiwa na mwingine. Alfajiri chini ya taa za umeme samaki waliolowa wanang'aa na kuonekana wengi. Jua likishatoka wanasinyaa. Halafu nikishavuka na pantoni na ndoo ile ile sasa ni ya kwangu, na mama ntilie anauliza mna kilo ngapi, naapa mbele za Mungu kwamba naona kilo zaidi ya zile nilizoziona wakati nanunua. Sidanganyi. Naziona.

Sasa, mwandishi wetu, kwenye kadi yangu utaandika namba ipi? Uzito wa sahani haubadiliki kwa sababu anayenunua sukari ni shemeji yako. Upogo wangu ungekuwa wa namna hiyo ningeshautoa zamani, nikajenga.

Saikolojia Mlimani:

Mama, daftari lako lina maana kuliko kurasa nyingi nilizozisoma mwaka huu, na ningeomba usilitupe. Nitajaribu kuunganisha uliyoyasema na ya mzee, kwa sababu nadhani ninyi wawili mnazungumzia vitu viwili tofauti vinavyoitwa kwa jina moja.

Mwaka 1860 Gustav Fechner alichapisha kazi yake kubwa kuhusu namna ya kupima hisi, baada ya kuinua vitu vya uzito mbalimbali zaidi ya mara 20,000 ili kujua ni tofauti ndogo kiasi gani mkono unaweza kuitambua. Moja ya mambo aliyoyakuta ni kwamba mpangilio wa kuinua, kipi kwanza na kipi pili, ulibadilisha jibu hata pale ambapo uzito ulikuwa sawa. Bessel naye alikuta kwamba akitumia saa inayolia kila nusu sekunde, vipimo vyake vinasogea. Kwa hiyo hata upogo ule mwepesi wa nyota haukuwa wa mtu peke yake, ulikuwa wa mtu pamoja na saa yake. Mama ameligundua hilo hilo kwa vibua.

La pili ni kwamba namba moja haiwezi kutosha hata kwa kazi rahisi kabisa. Fikiria watu wawili wanaolala chumba kimoja bila chandarua. Mmoja akisikia chochote kinachofanana na mbu anawasha taa. Mwingine hawashi mpaka awe na hakika kwamba mbu yuko sikioni. Wa kwanza atawasha taa mara nyingi bure, wa pili ataumwa mara nyingi, na ukihesabu makosa tu unaweza kusema mmoja ana masikio mabovu kuliko mwingine, ilhali masikio yao ni sawa sawa. Tofauti iko kwenye kizingiti, yaani ni ushahidi kiasi gani mtu anaudai kabla ya kusema "yupo". Watafiti wa rada waliliona tatizo hili katika miaka ya 1950, wakatengeneza hesabu ya kutenganisha ukali wa hisi na kizingiti cha kuamua. Na kizingiti hupanda na kushuka kulingana na gharama. Mwenye mtoto mchanga chumbani atawasha taa mapema zaidi. Mwandishi, kadi yako ikibaki na namba moja, msomaji mwenye ujuzi ataifunga hadithi hapo hapo.

La tatu ndilo zito. Mwaka 1951 timu za vyuo vya Princeton na Dartmouth vya Marekani zilicheza mechi ya mpira wa Kimarekani iliyojaa fujo, na mwaka 1954 Albert Hastorf na Hadley Cantril wakachapisha utafiti ambamo wanafunzi wa pande zote mbili walionyeshwa filamu ile ile ya mechi na kutakiwa kuhesabu makosa. Wanafunzi wa Princeton waliona timu ya Dartmouth ikifanya makosa zaidi ya mara mbili ya yale waliyoyaona wanafunzi wa Dartmouth wenyewe. Aliyewahi kutazama Simba na Yanga katika ukumbi uliogawanyika nusu kwa nusu hahitaji kuelezwa. Lakini tazama kilichokosekana pale: hakuna nyota ya bandia ya rafu. Hakuna mtambo unaojiandika kwa umeme kwamba hii ilikuwa rafu na ile haikuwa. Unaweza kupima umbali kati ya shabiki na shabiki, kama Bessel na Walbeck, lakini huwezi kupima umbali wa shabiki kutoka kwenye ukweli bila kumteua mtu mwingine awe ukweli.

Kwa hiyo chumba chako cha giza, ndugu yangu, kina vitu vya aina mbili vilivyochanganywa. Mistari na sauti vinapimika, kwa sababu tuna rula na saa. Sura za watu wawili wanaogombana hazipimiki kwa namna hiyo, na ukizijumlisha zote katika namba moja utakuwa umejumlisha mita na shilingi. Tuna mfano wa karibu: mwaka 1998 kilitangazwa kipimo kinachotumia tofauti ndogo za muda, sehemu za elfu za sekunde, ili kukisia jinsi mtu anavyoyahusisha makundi ya watu na mazuri au mabaya. Kimetumika sana, lakini mtu mmoja akikirudia baada ya wiki chache huweza kupata alama tofauti kabisa, na ndiyo maana ni hatari kukitumia kumhukumu mtu mmoja mmoja.

Na usisahau kwamba mhusika wako atapinga kadi yake. Waswahili walishasema nyani haoni kundule, na mwaka 2002 Emily Pronin na wenzake walilionyesha kwa utafiti: watu wakielezwa aina za upendeleo wa kuona, wengi husema wao wanazo kidogo kuliko wengine.

Mpima Ardhi Mstaafu:

Nakubaliana na mwanafunzi wetu, isipokuwa sitaki mwandishi akate tamaa na ile sahani ya sukari, kwa maana ndani yake mna hadithi nzuri zaidi.

Mizani ya dukani huhakikiwa na maofisa wa Wakala wa Vipimo kwa mawe ya uzito wanayoyabeba. Mawe hayo nayo hulinganishwa na mengine bora zaidi yaliyotunzwa, na hayo na mengine, ngazi kwa ngazi, mpaka mwisho wa safari ambako kwa muda mrefu palikuwa na kipande kimoja cha platini na iridi kilichofungiwa Sèvres, karibu na Paris. Kipande kile ndicho kilikuwa kilo. Hakikuweza kukosea, kwa sababu hapakuwa na kitu cha kukikosoa. Kama kingepungua, ingebidi tuseme dunia nzima imeongezeka. Mnamo tarehe 20 Mei 2019 wataalamu walikistaafisha, kilo ikafungwa kwenye namba ya maumbile isiyoshikika kwa mkono.

Hivyo mwandishi, nenda ngazi hadi ngazi katika mji wako. Kipimaupogo cha Ilala kimesawazishwa kwa cha makao makuu. Cha makao makuu kimesawazishwa kwa nini? Kwa upande wa mistari, kwa rula. Kwa upande wa sura zinazogombana, lazima kuna chumba mahali fulani ambamo siku ya kwanza walikaa watu kadhaa na majibu yao yakaandikwa kuwa ni sifuri. Ningependa kujua watu hao walitoka mtaa gani, walikuwa na magari au walipanda daladala, na chai yao ilitoka wapi siku ile. Maskelyne alikuwa mtu mmoja. Hao watakuwa Maskelyne kumi na wawili.

Mwandishi wa Sinza:

Shikamoo tena mzee, na asanteni nyote. Nilikuja kutafuta msumari wa kupachika mlango, nimerudishwa na mlango mpya.

Nimeamua yafuatayo, na mnaruhusiwa kunipinga. Namba moja nimeifuta. Kadi itakuwa jedwali lenye safu nyingi, na mwenye kadi atalazimika kutangaza kabla ya kusema neno yuko katika hali gani: ananunua au anauza, ana haraka au hana, kuna anayemshindania au hakuna. Mhusika mkuu atakuwa mkaguzi wa vipimaupogo aliyetumwa kuvisawazisha vituo vyote vya mji, naye atagundua katika daftari la zamani kwamba wale watu wa sifuri wote walikuwa wafanyakazi wa ofisi moja, waliochukuliwa mchana mmoja kwa kuwa ndio waliokuwa karibu. Hapo sijui atafanya nini. Nilitaka alifichue jambo hilo, lakini sasa naona kwamba yeye mwenyewe ana kadi, na kadi yake ilisawazishwa kwa watu wale wale, kwa hiyo kila anachokiona kwenye daftari kimeshapunguzwa kiasi fulani kabla hajakisoma.

Ninayo haja moja kwa mama. Sura ya kwanza nimeihamisha kutoka kibarazani kwetu Sinza kwenda mnadani Feri, na sijawahi kusimama pale kabla jua halijatoka. Ningeomba, kama hutajali, nije Jumamosi nikae pembeni nione unavyokadiria. Nitakuja na daftari langu, niandike makisio yangu kando ya yako.

Mama wa Kigamboni:

Karibu sana, mwanangu. Fika saa kumi na moja alfajiri, kwa sababu ukichelewa taa zitakuwa zimezimwa na utaona samaki wa aina nyingine. Vaa viatu vya mpira, sakafu ina maji na magamba. Andika namba yako kabla ya kuiangalia yangu, nami nitafanya hivyo hivyo, halafu tutavuka wote tukapime kwenye mizani yangu, ambayo stika yake ni ya mwaka huu. Jambo moja tu nakuomba: kama utaamua kununua fungu lako mwenyewe, uniambie baada ya mimi kumaliza kukadiria, siyo kabla.